Mchirizi Mmoja Unatosha

Nywele nyeusi hazipokei rangi nyingine mpaka kwanza zipokonywe ile ziliyoota nayo. Hilo ndilo somo la kwanza kwa mtu anayejipaka mchirizi wa rangi nyumbani kwake, na kwangu mimi ndilo zito kuliko yote yanayofuata. Mtu hununua boksi dukani akiamini anakwenda kujiongezea kitu. Akishakaa mbele ya kioo, glovu mikononi na taulo kuukuu mabegani, hugundua kwamba sehemu kubwa ya kazi ni kuondoa. Rangi ya asali, ya shaba, ya zambarau, hata ile nyekundu iliyokolea tunayoiita damu ya mzee, haiwezi kung'ara juu ya weusi wetu kama weusi wenyewe haujapunguzwa. Lazima kitu kitoke ndipo kingine kipate pa kukaa.

Nazungumzia mchirizi, kichwa kizima ni habari nyingine. Nazungumzia kishungi kimoja kinachoangukia karibu na paji la uso, misokoto miwili mitatu kando ya sikio, au ncha za dredi zilizobadilika huku mashina yake yakibaki meusi. Anayepaka kichwa kizima anataka kuwa na nywele nyingine. Anayepaka mchirizi anazitaka nywele zake mwenyewe, ila ndani yake aweke alama. Mchirizi hauna uzuri wa peke yake. Uzuri wake unatokana na nywele nyeusi zinazouzunguka, zile ambazo hazikuguswa. Ukizipaka zote, mchirizi umepotea. Kwa hiyo aliyeshika brashi ana maamuzi mawili ya kufanya kwa wakati mmoja: kipi akibadilishe, na kipi akiache kama alivyojaliwa. Naamini uamuzi wa pili ndio unaodai akili zaidi.

Ili kuona kwa nini, inafaa kujua unywele ulivyoumbwa. Nje umefunikwa na magamba membamba mno, yamelaliana kama makuti juu ya paa, ncha zake zikielekea chini, mbali na ngozi ya kichwa. Magamba hayo yakilala vizuri, unywele huteleza mkononi na kung'aa. Ndani yake kuna nyuzi za protini iitwayo keratini, na kati ya nyuzi hizo zimetawanyika chembe za melanini, ambazo ndizo zinazotia rangi. Melanini ya nywele ni ya namna mbili: moja huleta weusi na ukahawia, nyingine huleta wekundu na umanjano. Hata kichwa cheusi tititi huwa na kiasi cha hiyo ya pili. Haionekani kwa sababu imezidiwa na wingi wa ile ya kwanza.

Blichi, yaani dawa ya kuondoa weusi, huingia humo kwa nguvu. Alkali iliyomo huvimbisha unywele na kuyainua magamba, kisha peroksidi ya hidrojeni hupenya na kuivunja melanini. Weusi hautoki kwa mkupuo mmoja. Hugeuka kahawia, kahawia ikawa nyekundu, nyekundu ikawa rangi ya chungwa, halafu manjano, na mwisho manjano iliyopauka. Wasusi wanazijua hatua hizo kwa macho, na wanajua pa kusimama. Kila hatua ina gharama yake, maana peroksidi haichagui. Inapoivunja melanini huzila pia nyuzi za keratini zinazoupa unywele nguvu. Unywele uliosukumwa hadi manjano iliyopauka hunyonya maji upesi, hukauka upesi, na ukivutwa hukatika.

Nywele zetu zina jambo la ziada. Unywele wa kipilipili ukikatwa na kutazamwa kwa hadubini hauna umbo la duara. Umebapa, na njiani umejipinda mara nyingi. Kila pindo ni mahali dhaifu. Mafuta yanayotoka kwenye ngozi ya kichwa hayashuki kirahisi katika mapindo hayo, ndiyo maana ncha zetu huwa kavu hata kabla ya dawa yoyote kuzigusa. Mwenye nywele hizi akitaka manjano iliyopauka kichwa kizima, anakitwika kitu chembamba mzigo mzito. Mchirizi unaupunguza mzigo huo. Tena hauhitaji kufikishwa mwisho: ukifika kwenye rangi ya chungwa iliyokomaa, ukasimamishwa hapo na kuoshwa, tayari unaonekana vizuri juani. Kujua kusimama mapema ni nusu ya ufundi wote.

Peroksidi yenyewe ni ugunduzi wa Ulaya. Mfaransa Louis Jacques Thénard aliitengeneza mwaka 1818. Mfaransa mwingine, Eugène Schueller, alitengeneza rangi ya nywele ya maabara mwaka 1907, na mwaka 1909 akaanzisha kampuni ambayo leo dunia inaijua kwa jina la L'Oréal. Lakini hamu ya kuzibadilisha nywele haikusubiri maabara. Katika kitabu cha mavazi alichokichapisha Cesare Vecellio mwaka 1590, wamo wanawake wa Venice waliopanda kwenye majukwaa ya mbao juu ya mapaa ya nyumba zao, wamevaa kofia zenye ukingo mpana zisizo na kilele, nywele zimetolewa juu na kutandazwa juani baada ya kulowekwa dawa ili zipauke. Kazi hiyo ilifanyika nyumbani, juu ya paa la mtu mwenyewe, na jua la bure.

Karibu zaidi na sisi, huko Sudan Kusini, vijana wa Kidinka, Kinuer na Kimundari wamekuwa wakiosha nywele zao kwa mkojo wa ng'ombe mpaka zinageuka rangi ya chungwa. Mkojo ukikaa hutoa amonia, na amonia ndiyo inayonuka katika maboksi mengi ya rangi za dukani. Wafugaji hao walilifikia jambo lile lile kwa kuishi na mifugo yao. Na kwa Wamaasai, morani huziacha nywele zikue, zikasukwa nyembamba nyembamba, zikapakwa udongo mwekundu uliochanganywa na mafuta. Inapofika sherehe ya eunoto, wanapouaga ujana wa kimorani, mama zao huwanyoa nywele hizo. Rangi ile ilisema umri wa mtu na wajibu wake, na kunyolewa kulisema kwamba wajibu umebadilika. Wanaodai kwamba kupaka nywele rangi ni kuiga Wazungu hawajalitazama vizuri eneo hili la dunia wanaloishi.

Pwani tuna hina. Majani ya mmea huo, unaoitwa na wanasayansi Lawsonia inermis, yana kitu kiitwacho lawsoni, nacho hushikamana na keratini ya nywele, ya kucha na ya ngozi. Hina haiondoi chochote. Hujiongeza juu ya kilichopo. Kwenye mvi hutoa rangi ya chungwa iliyo wazi. Kwenye unywele mweusi hujificha, ikaonekana pale tu mwenye nywele anapopita juani na wekundu ukachungulia. Ndevu za wazee, kuanzia Mogadishu hadi Unguja, zimepakwa hina kwa vizazi. Mapokeo yaliyomo katika Sahihi Muslim yanaeleza kwamba siku Makka ilipofunguliwa aliletwa Abu Quhafa, baba yake Abubakar, kichwa na ndevu vikiwa vyeupe pepe, na Mtume akaelekeza weupe ule ubadilishwe, ila weusi uepukwe. Wanazuoni wameujadili sana mpaka wa katazo hilo, na mimi si wa kuwaamulia. Ninachokiona ni kwamba katika utamaduni wetu mzee mwenye heshima zake kujipaka rangi ni jambo la kale, na lina adabu zake.

Hina isichanganywe na piko. Piko nyeusi inayochorwa mikononi na miguuni siku za harusi, mara nyingi hutokana na rangi ya nywele ya dukani yenye kemikali iitwayo parafenilenediamini, ambayo kwa kifupi huandikwa PPD. Kemikali hiyo imo katika rangi nyingi za nywele zilizokoza. Umoja wa Ulaya umeiwekea kikomo cha asilimia 2 katika rangi iliyokwisha changanywa tayari kwa kupakwa nywele, na haukuiruhusu kupakwa kwenye ngozi. Piko ya kuchanganya barazani hapana anayeipima. Na mwili ukishaikataa mara moja, hausahau. Bibi harusi aliyechorwa piko, akapata malengelenge kidogo yakapona, anaweza kuja kupaka mvi zake rangi miaka mingi baadaye, akavimba uso hadi macho yakafumba.

Kwa hiyo anayetaka kujipaka nyumbani aanze na kumbukumbu za ngozi yake. Je, piko iliwahi kumwasha au kumvimbisha? Kama ndiyo, rangi za namna hiyo aachane nazo kabisa. Kama hapana, bado apake tone dogo nyuma ya sikio au ndani ya kiwiko na asubiri saa 48. Muda huo ni mrefu kwa mtu aliyekwisha nunua boksi na ana sherehe Jumamosi. Lakini ngozi haina haraka, na haijali sherehe iko lini.

Wahenga walisema kinyozi hajinyoi. Walikuwa na sababu: jicho la mtu halikioni kisogo chake. Katika kazi za saluni nyingi methali hiyo ingali sahihi. Mchirizi wa mbele, hata hivyo, ni miongoni mwa kazi chache ambazo mtu anaweza kujifanyia huku akiiona mwanzo hadi mwisho. Mikono yake inafika, macho yake yanafika, na kioo kimoja kinatosha. Akitaka mchirizi wa nyuma itambidi amwite mtu, na katika nyumba zetu mtu huyo yupo siku zote. Kwetu mdogo wangu ndiye hushika foili. Nikimgeukia kumwambia neno hunirudisha kichwa kwa vidole viwili na kuniambia, "Dada, tulia basi, dawa itamwagika." Saa kama hizo huzungumzwa mambo ambayo mezani hayasemwi. Sijui mahali pengine ambapo mtu mzima anakubali kukaa chini, ainamishe kichwa, na amwachie mwenzake nywele zake.

Mama mdogo alipokuja kututembelea na kuniona, nilimwamkia, akaitikia marahaba huku macho yake yako kichwani kwangu.

"Mwanangu, nywele zako zilikuwa na kosa gani?"

"Hazina kosa, mama. Ndiyo maana nimezigusa hizi chache tu."

Akakishika kile kishungi, akakisugua kwa vidole kama aliyetiwa kitambaa mkononi, kisha akaniuliza kama dawa inawasha. Nikamweleza niliyoyajua. Nimelithamini swali lake la pili kuliko jibu langu la kwanza, kwa sababu ndilo swali linalostahili kuulizwa na mtu anayekupenda.

Kazi yenyewe inataka utulivu. Nywele ziwe hazijaoshwa siku hiyo, kwa sababu mafuta yake ya asili huikinga ngozi. Kishungi kinachokusudiwa kitengwe kwa mkia wa kitana, zilizobaki zifungwe nyuma, na mpakani pake pasiwe na unywele uliopotea njia. Bakuli liwe la plastiki, kwa kuwa madini huharakisha kuvunjika kwa peroksidi. Nguvu ya peroksidi huandikwa kwenye chupa kwa volyumu: 10 ni asilimia 3, 20 ni asilimia 6, 30 ni asilimia 9, na 40 ni asilimia 12. Nyumbani, kwa nywele zetu, 20 inatosha. Ile ya 40 hufanya kazi upesi, na upesi huo ndio unaozikata nywele.

Foili hulazwa chini ya kishungi, dawa ikapakwa kuanzia katikati kuelekea nchani, na shina likaachwa la mwisho, kwa sababu joto la ngozi ya kichwa huichochea dawa na shina hubadilika kabla ya ncha. Bora zaidi kuacha nafasi ndogo ili dawa isiiguse ngozi kabisa. Hapo ndipo mchirizi unapoushinda upakaji wa kichwa kizima. Dirisha liwe wazi, maana unga wa blichi una chumvi za pesulfeti zinazojulikana kuleta pumu kwa wasusi wanaozivuta kila siku. Kisha foili ifunguliwe kila baada ya dakika chache, unywele ufutwe kidogo na kutazamwa. Kabla ya yote hayo, ni busara kujaribu dawa kwenye nywele chache zilizokatwa mahali pasipoonekana, ili mtu aone zinafika rangi gani, baada ya muda gani, na kama bado zinavutika bila kukatika.

Mwenye nywele za dawa awe mwangalifu maradufu. Relaksa hulainisha kwa kuvunja viungo vilivyoshikilia keratini, na blichi huvishambulia viungo hivyo hivyo. Kuziweka zote mbili siku moja ni kuziangamiza nywele. Aliyetumia hina ya pakiti naye asome kilichoandikwa nyuma ya pakiti, kwa sababu baadhi ya hina za dukani zimetiwa chumvi za madini, na chumvi hizo zikikutana na peroksidi huweza kutoa joto kali juu ya kichwa cha mtu.

Nimeyataja haya kwa kirefu kwa sababu ndani yake ndimo ilimo tafakari yenyewe. Ni mara chache mtu anakaa na mwili wake kwa makini namna hiyo. Kioo cha asubuhi tunakitumia kujikagua kwa ajili ya wengine: kola imekaa sawa, uso hauna doa, twende. Jioni ya mchirizi mtu hutazama unywele wake kwa subira, akaona unavyojipinda, unavyonywa maji, unavyobadilika rangi dakika kwa dakika. Anajifunza jinsi ulivyo kabla ya kujifunza jinsi anavyotaka uwe.

Wengi wetu hatukupewa nafasi hiyo tulipokuwa wadogo. Nchini Tanzania, msichana katika shule nyingi za serikali hukaa na nywele fupi kuanzia darasa la kwanza hadi anamaliza sekondari. Sababu zinazotolewa ni usafi, usawa na muda wa kusoma, na ni sababu za watu wenye nia njema. Lakini matokeo yake yapo. Binti anamaliza kidato cha nne akiwa anakaribia utu uzima, na hajawahi kuamua lolote juu ya kichwa chake. Nywele zake anakutana nazo kama mgeni. Hajui zinakauka wapi, zinakatika lini, zinapenda mafuta gani. Ndani ya miezi michache analetewa yote kwa pamoja: relaksa, rasta za rangi, blichi, na ushauri wa kila mtu. Akiharibu nywele zake tunasema ni tamaa na ulimbukeni. Mimi naona ni ujinga ambao sisi wakubwa tulimwachia.

Kwa binti huyo rasta za rangi ni mwanzo mzuri. Zinampa dhahabu au damu ya mzee bila kuugusa unywele wake, na zikifumuliwa habari imekwisha. Baada ya hapo zipo rangi zisizohitaji peroksidi, zinazokaa juu ya unywele na kupungua kila unapooshwa. Kwenye nywele nyeusi hazionekani sana, lakini humfundisha mtu subira na mpaka. Blichi ije mwisho, tena ije kwa mchirizi.

Ipo hukumu ya mtaa. Kijana wa kiume akipita na ncha za manjano huitwa mhuni kabla hajafungua kinywa. Binti naye hupewa majina mabaya zaidi. Katika Kombe la Dunia la 1998 nchini Ufaransa, beki Taribo West wa Nigeria alicheza na misuko iliyotiwa rangi ya kijani, rangi ya nchi yake, na alikaba washambuliaji kwa bidii ile ile ya kichwa cheusi. Rangi ya nywele haijawahi kuwa kipimo cha kazi ya mtu wala cha adabu zake. Mwizi mwenye nywele nyeusi zilizochanwa vizuri hupita barabarani bila kusemwa.

Tena hoja ya kwamba rangi ni kujitangaza huvunjikia hapa hapa Pwani. Wako wanawake wengi wanaojistiri kwa buibui na mtandio, na chini yake wamepaka michirizi. Mtaa hauioni hata siku moja. Anaiona mwenyewe, anaiona mumewe, wanaiona dada zake, binti zake, na wanawake wenzake katika sherehe za wanawake watupu. Kama rangi ingekuwa ya kuwavuta wapita njia, mwanamke huyu angekuwa amepoteza pesa na jioni yake bure. Hakupoteza kitu. Alipamba kilicho chake kwa ajili ya walio wake. Nikitaka kueleza kwa nini mtu ajipake nyumbani, sina mfano ulio bora kuliko huo.

Baada ya kuoshwa na kukaushwa, mchirizi huanza maisha yake, na maisha hayo yanakwenda upande mmoja tu. Unywele tunaouona umekwisha kufa. Sehemu iliyo hai iko ndani ya ngozi. Kwa wastani nywele hurefuka kama sentimita moja kwa mwezi, na zetu hurefuka taratibu zaidi. Ncha ya unywele wenye sentimita 12 iliota zaidi ya mwaka mmoja uliopita. Kwa hiyo kilichoondolewa kwa blichi hakirudi mahali pale. Hakuna mafuta yanayofufua melanini wala stimingi inayoshona keratini ikawa kama awali. Yapo yanayosaidia kuhifadhi kilichobaki. Mafuta ya nazi yaliyopakwa kabla ya kuosha hupunguza upotevu wa protini, na utafiti uliochapishwa mwaka 2003 ulilithibitisha hilo kwa nywele nzima na kwa zilizoharibika; bibi zetu waliyapaka bila kuusubiri. Wenzangu wa Dar es Salaam wanaooga maji ya kisima yenye chumvi wazimalizie nywele kwa maji baridi matamu wanapoyapata, kwa sababu chumvi huzidi kuukausha unywele uliokwisha kauka.

Weusi hurudi kwa njia ya shina, kidogo kidogo, na kuusukuma mchirizi chini mpaka siku unapokatwa. Nalipenda jambo hili. Mwili hauulizi kama umeridhika na rangi yako. Unaendelea kuotesha weusi ule uliokuwa nao. Mtu anaweza kubadilika kwa msimu mmoja bila kulikana shina lake, na anaweza kughairi bila aibu, mradi awe na subira ya kungoja.

Umri nao hupaka michirizi yake. Chembe zinazotengeneza melanini huchoka, na unywele ukaota bila rangi. Indira Gandhi alitambulika duniani kote kwa mkondo mweupe juu ya paji lake. Susan Sontag, mwandishi wa Marekani, aliuacha mmoja mpana ubaki mweupe kati ya nywele zake nyeusi, na hakuna aliyeusahau. Mwanamke aliyejipaka mchirizi akiwa kijana, akajifunza kuuona unavyoingia, unavyokaa na unavyoondoka, naamini atazipokea mvi zake kwa moyo mwepesi zaidi. Atakuwa amekwisha zoea kichwa chenye rangi mbili. Atakuwa amekwisha jua kwamba weusi ukipungua, mtu mwenyewe hapungui.

Basi nawasihi wazazi, walezi na walimu. Binti au kijana wako akija na boksi la rangi mkononi, usianze kwa kumwuliza anataka kumfurahisha nani. Mwulize kama amejaribu dawa nyuma ya sikio na kusubiri saa 48. Mwulize kama chupa imeandikwa 20 au 40, na kama ana relaksa kichwani. Mfungulie dirisha, mpe glovu, na umshikie foili ya nyuma asikoweza kujiona. Mwambie achague kishungi kimoja, na zilizobaki aziache. Nawe msomaji unayekusudia kujipaka, ondoa kidogo, simama mapema, na uziheshimu nywele utakazoziacha nyeusi, kwa sababu hizo ndizo zitakazofanya rangi yako ionekane.